Shauri limepitwa na wakati: nani aliyeupitisha?

Tarehe 30 Agosti 2022, Mahakama ya Juu ya India, kule New Delhi, ilifunga mambo mawili mazito kwa siku moja, mbele ya majopo mawili tofauti. Jopo moja lilifunga fungu la maombi yapatayo kumi kuhusu mauaji ya Gujarat ya mwaka 2002. Jopo lingine lilifunga shauri la kudharau mahakama lililotokana na kubomolewa kwa Msikiti wa Babri, mjini Ayodhya, ambao Wahindu wengi walidai ulisimama mahali pa hekalu lao la kale, tarehe 6 Desemba 1992. Sababu zilifanana: miaka imepita, mengi yametokea, hakuna tena cha kuamua. Mawakili wa India wana neno lao la Kiingereza cha mahakamani kwa shauri la namna hiyo, na ukilifasiri kwa Kiswahili unapata "lisilozaa tunda". Sisi huku tunasema shauri limepitwa na wakati.

Mleta maombi ya Babri alikuwa Mohammad Aslam, aliyejulikana zaidi kwa jina la Bhure. Alifungua shauri lake mwaka 1992. Alifariki mwaka 2010. Jalada lilipoitwa, yeye alikuwa kaburini kwa miaka 12. Wakili aliyesimama siku hiyo aliomba ateuliwe mtu mwingine wa kuiendeleza hoja. Jaji Sanjay Kishan Kaul alikataa, akasema hakuna maana ya kuendelea kumchapa farasi aliyekwisha kufa.

Maneno hayo ya farasi yamenikaa kichwani. Mnyama akifa zizini, watu huuliza kwanza amekufaje. Alikufa kwa uzee, kwa ugonjwa, au aliachwa kambani bila maji? Hilo ndilo swali ambalo mahakama, za huko na za kwetu, mara nyingi hazijiulizi zinapofunga jalada la zamani. Zinaona kwamba wakati umepita. Haziulizi nani aliyeupitisha.

Niseme mapema kwamba sipingi majalada ya zamani kufungwa. Mahakama si baraza la kahawa, ambako hoja hujadiliwa kwa utamu wake tu. Kazi yake ni kutoa amri inayobadilisha kitu. Aliyeomba atolewe mahabusu, akishatolewa, ombi lake limekwisha. Aliyeomba mnada wa nyumba yake usimamishwe, deni likishalipwa, hakuna tena mnada wa kusimamisha. Jaji anayekaa kuandika hukumu ya jambo lililokwisha anatumia saa za mtu mwingine ambaye shauri lake bado lina uhai: mama anayedai matunzo ya mtoto, mfanyakazi anayedai mafao, kijana aliyeko rumande kwa kosa ambalo huenda hakulitenda.

Na mlundikano upo kwelikweli. Mwezi ule wa Agosti 2022, Mahakama ya Juu ya India peke yake ilikuwa na mashauri zaidi ya 70,000 yanayosubiri. Jaji Mkuu mpya, Uday Umesh Lalit, alikuwa ameapishwa tarehe 27, siku tatu tu kabla ya majalada yale kufungwa, na kwa mujibu wa umri wake angestaafu tarehe 8 Novemba. Alikuwa na siku 74 za kuiongoza mahakama hiyo. Aliamua kuyatoa masjala mashauri yaliyolala na kuyapangia tarehe. Kiongozi wa mahakama anayefungua makabati namna hiyo anastahili shukrani, na mimi namshukuru. Sina ugomvi na kabati kufunguliwa. Ugomvi wangu unaanzia pale jalada linapofunguliwa na kusomwa jina, kisha likafungwa kwa hoja kwamba ni la zamani.

Tuanze na Gujarat, kwa sababu hapo naona mahakama ilikuwa sahihi.

Tarehe 27 Februari 2002 behewa la treni liliwaka moto katika stesheni ya Godhra, wakafa watu 59, wengi wao Wahindu waliokuwa wakirudi kutoka Ayodhya. Siku zilizofuata jimbo zima la Gujarat liliingia katika umwagaji damu. Hesabu ya serikali yenyewe ilipita watu 1,000 waliouawa, wengi wao Waislamu. Mashauri yalipofika mahakamani, mashahidi walianza kugeuka. Katika shauri la duka la mikate la Best Bakery, mjini Vadodara, ambako watu 14 waliuawa, washtakiwa wote 21 waliachiwa mwezi Juni 2003. Hapo ndipo Tume ya Taifa ya Haki za Binadamu ya India ilipokwenda Mahakama ya Juu na kusema: mashauri haya hayawezi kusikilizwa kwa haki katika jimbo hili chini ya polisi hawa. Mahakama iliitika. Mwaka 2004 iliamuru shauri la Best Bakery lianze upya katika jimbo la Maharashtra. Mwaka 2008 iliunda kikosi maalumu cha uchunguzi kushughulikia mashauri tisa makubwa.

Kwa hiyo mwaka 2022 majaji walipouliza kimebaki nini, jibu lilikuwepo. Maombi yale yalitaka uchunguzi huru na uangalizi wa Mahakama ya Juu, na vyote viwili vilitolewa. Mashauri manane kati ya tisa yalikuwa yamekwisha kuamuliwa na mahakama za chini. La tisa, la kitongoji cha Naroda Gam jijini Ahmedabad, lilikuwa katika hoja za mwisho. Ombi lililotimizwa limekwisha hata kama majonzi hayajakwisha. Ni kweli kwamba miezi minane baadaye, tarehe 20 Aprili 2023, mahakama ya Ahmedabad iliwaachia huru washtakiwa wote 67 waliobaki katika shauri hilo la Naroda Gam, ambako watu 11 waliuawa. Washtakiwa wengine 18 walikuwa wamekwisha kufariki shauri likiwa linaendelea. Matokeo hayo yanauma. Lakini dawa ya hukumu mbaya ni rufaa, na yale maombi ya mwaka 2003 yasingeweza kuwa rufaa.

Babri ni jambo lingine kabisa, na hapa sitaki kupunguza maneno.

Mwishoni mwa Novemba 1992, serikali ya jimbo la Uttar Pradesh chini ya Waziri Mkuu wa jimbo, Kalyan Singh, iliiahidi Mahakama ya Juu kwamba msikiti ule hautaguswa. Haikuwa ahadi ya jukwaani. Ilitolewa kwa mahakama, na kwa kuitegemea mahakama iliacha kuchukua hatua kali zaidi. Tarehe 6 Desemba, mchana kweupe, mbele ya kamera na viongozi wa kisiasa, msikiti ulibomolewa hadi chini. Shauri la Bhure halikuuliza ardhi ni ya nani. Halikuuliza hekalu la kale lilikuwepo au halikuwepo. Liliuliza jambo moja tu: wale walioiahidi mahakama na wale walioshiriki kuivunja ahadi hiyo, waliidharau mahakama au hawakuidharau?

Mahakama haikuwa ngeni kwa swali la aina hiyo. Tarehe 24 Oktoba 1994, katika ombi jingine la huyohuyo Bhure, ilimtia hatiani Kalyan Singh kwa kuruhusu jukwaa la saruji kujengwa karibu na msikiti mwezi Julai 1992 kinyume cha amri. Adhabu ilikuwa kifungo cha siku moja na faini ya rupia 2,000. Yaani mahakama hiyo ilipata nafasi ya kuamua juu ya saruji iliyomwagwa uani, lakini juu ya msikiti wenyewe kuvunjwa ikakaa kimya miaka 30.

Wakati huo kukatokea mambo mawili ambayo baadaye yalitumika kama sababu ya kufunga. Tarehe 9 Novemba 2019 majaji watano waliamua mgogoro wa ardhi: kiwanja cha ekari 2.77 kikaenda kwa ujenzi wa hekalu, na Waislamu wakapewa ekari tano mahali pengine. Hukumu hiyohiyo ilitamka kwamba kubomolewa kwa msikiti kulikuwa uvunjaji mkubwa wa utawala wa sheria. Kisha tarehe 30 Septemba 2020 mahakama maalumu ya Lucknow iliwaachia huru washtakiwa wote 32 wa jinai, wakiwemo wanasiasa Lal Krishna Advani, Murli Manohar Joshi, Uma Bharti na Kalyan Singh mwenyewe. Hukumu moja ilikuwa ya ardhi. Nyingine ilikuwa ya kula njama na uchochezi. Hakuna hata moja iliyojibu swali la ahadi.

Yapo pia yale ya kifo cha mleta maombi. Katika madai ya kawaida kifo kina uzito: anayedai shamba akifa, warithi wake huingia mahali pake, na wasipoingia kwa muda uliowekwa shauri linakufa naye. Kudharau mahakama hakuko hivyo. Aliyedharauliwa ni mahakama. Raia anayepeleka habari ni mtoa taarifa tu, sawa na jirani anayepiga kelele za mwizi. Jirani huyo akifa, mwizi hageuki kuwa mgeni. Bhure alikuwa amekwisha kufanya kazi yake yote siku alipofungua shauri, na kilichobaki kilikuwa kazi ya mahakama.

Wahenga walisema maji yakimwagika hayazoleki, na ni kweli: hakuna amri ya mwaka 2022 ambayo ingeusimamisha tena msikiti ule. Lakini aliyemwaga maji bado anaweza kutajwa. Hukumu ya kurasa chache, hata bila adhabu kwa wazee waliopita miaka themanini, ingeacha kumbukumbu kwamba ahadi iliyotolewa mbele ya Mahakama ya Juu ilivunjwa na fulani na fulani. Serikali za majimbo zinazoahidi mambo mbele ya majaji hao leo zingekuwa na ukurasa huo wa kuusoma.

Inawezekana mtu akaniambia: mahakama haiwezi kukaa inaamua historia. Ningekubali, kama mahakama hiyohiyo isingetuonyesha miezi michache baadaye kwamba inaweza. Usiku wa tarehe 8 Novemba 2016, Waziri Mkuu Narendra Modi alitangaza kwamba noti za rupia 500 na 1,000 si fedha halali tena kuanzia usiku huo. Noti hizo zilikuwa kama asilimia 86 ya thamani ya fedha taslimu iliyokuwa mikononi mwa watu. Maombi 58 ya kupinga yalifunguliwa. Yalipopangiwa jopo la majaji watano mwaka 2022, Mwanasheria Mkuu wa serikali alisimama na hoja ileile: jambo limekwisha, noti mpya zinatumika, hili limebaki la darasani. Jopo lilikataa kuyafunga kwa hoja hiyo, likasikiliza pande zote. Tarehe 2 Januari 2023 majaji wanne walisema serikali ilifuata sheria. Jaji B. V. Nagarathna akasema haikufuata, ingawa naye alikiri kwamba hali ya zamani haiwezi kurudishwa. Mtu anaweza kukubaliana na wanne au na mmoja. Lakini raia aliyepanga foleni benki mwaka 2016 amepata jibu, na serikali ijayo itakayotaka kufuta noti usiku inajua majaji walisema nini. Maji yalikuwa yamemwagika hapo pia.

Ninayaandika haya ya India kwa Kiswahili kwa sababu sheria zetu ni ndugu. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya Tanzania ya mwaka 1966 ilichukuliwa kutoka ile ya India ya mwaka 1908, na majaji wetu bado wananukuu hukumu za huko. Tukirithi kanuni tunarithi na mianya yake. Yeyote aliyewahi kukaa kwenye benchi la ukumbi wa mahakama kusubiri shauri la nduguye anaijua sauti ya karani: kutajwa, kutajwa, kutajwa tena. Leo wakili wa upande wa pili anaumwa, kesho jaji yuko safarini, keshokutwa jalada halionekani. Nimeshuhudia mzee akiitwa jina mara tatu kwenye ukumbi wa namna hiyo, halafu mwanawe akanyanyuka nyuma na kusema kwa sauti ndogo kwamba baba alizikwa mwezi uliopita. Shauri liliahirishwa ili familia ilete karatasi za mirathi. Ngoja ngoja huumiza matumbo, na tumbo linaloumia huwa la yule asiye na mshahara wa kumlipa wakili kila tarehe.

Ucheleweshaji huo wa kawaida angalau unaonekana. Upo mwingine ambao ni mgumu zaidi kuuona, nao hufanywa bungeni: serikali inaposhtakiwa kwa sheria fulani, inaibadilisha sheria shauri likiwa njiani, kisha inarudi mahakamani kusema hakuna tena cha kubishania.

Watanzania tunao mfano wetu, na sidhani kama kuna mwingine uliokamilika zaidi yake. Mwaka 1993 Mchungaji Christopher Mtikila alikwenda Mahakama Kuu, Dodoma, kupinga pamoja na mambo mengine sharti kwamba anayegombea uongozi lazima awe mwanachama wa chama cha siasa. Tarehe 16 Oktoba 1994, kabla hukumu haijasomwa, serikali ilipeleka bungeni muswada wa kubadilisha Katiba ili kulifunga swali hilo. Tarehe 24 Oktoba 1994 Jaji Kahwa Lugakingira alitoa hukumu: raia wa Tanzania anaweza kusimama kama mgombea binafsi. (Ni tarehe ileile ambayo kule New Delhi Kalyan Singh alipewa kifungo cha siku moja. Sina maana ya kuyaunganisha, ila nilipogundua nilisita.) Tarehe 2 Desemba 1994 Bunge lilipitisha Marekebisho ya Kumi na Moja ya Katiba, na sharti la chama likawa ndani ya Katiba yenyewe. Serikali ilikuwa imekata rufaa dhidi ya hukumu ya Lugakingira. Ikaiondoa. Haikuwa na haja nayo tena.

Tazama jinsi mtego ulivyokaa. Aliyeshinda mahakamani hakunyang'anywa ushindi na mahakama ya juu zaidi, ambako angepata nafasi ya kujibu. Ushindi wake ulifanywa kuwa wa zamani. Oktoba 1995 nchi ilifanya uchaguzi wake wa kwanza chini ya mfumo wa vyama vingi baada ya chama kimoja, na mgombea binafsi hakuwepo hata mmoja.

Kenya nayo ina mfano wa karibuni, mwepesi kidogo. Sheria ya Fedha ya mwaka 2023 ilileta tozo ya nyumba: asilimia 1.5 ya mshahara wa mfanyakazi na kiasi hichohicho kutoka kwa mwajiri. Tarehe 28 Novemba 2023 Mahakama Kuu jijini Nairobi ilisema tozo hiyo ni kinyume cha Katiba, kwa sababu iliwabagua wenye ajira rasmi na haikuwa na msingi kamili wa kisheria. Tarehe 26 Januari 2024 Mahakama ya Rufaa ilikataa kuisitisha hukumu hiyo. Bunge likatunga sheria mpya ya nyumba za bei nafuu, Rais akaisaini tarehe 19 Machi 2024, na makato yakarudi. Rufaa ilipoamuliwa tarehe 31 Julai 2024, majaji waliibatilisha Sheria ya Fedha yote, uamuzi ambao baadaye Mahakama ya Juu iliutengua, lakini kuhusu tozo ya nyumba walisema hoja zimekwisha kupitwa kwa sababu sheria mpya ipo.

Kwa haki, serikali ya Kenya ilirekebisha baadhi ya kasoro zilizotajwa: sheria mpya iliwagusa hata walio nje ya ajira rasmi. Kurekebisha sheria baada ya kukosolewa na mahakama ndivyo inavyopaswa kuwa. Lakini mwalimu au nesi aliyekatwa kuanzia Julai 2023 hadi Januari 2024 alikatwa kwa sheria ya zamani. Swali lake halikuhusu kesho. Lilihusu shilingi zilizokwisha kutoka mfukoni mwake, na shilingi hizo hazipitwi na wakati kwa sababu sheria nyingine imesainiwa. Palipo na fedha iliyochukuliwa, au mtu aliyefungwa, au kiwanja kilichotwaliwa, shauri lina uhai hata kama sheria iliyotumika imezikwa.

Marekani walilifikia tatizo hili mapema na wakatengeneza mlango wa dharura. Mwaka 1973, katika shauri la Roe dhidi ya Wade, Mahakama ya Juu yao iliambiwa kwamba mleta shauri si mjamzito tena na hivyo hana hoja. Ikajibu kwamba mimba ni miezi tisa na rufaa ni miaka, kwa hiyo kwa mwendo huo hakuna mwanamke ambaye angewahi kusikilizwa. Mtu anaweza kuichukia au kuipenda hukumu ile, ambayo yenyewe ilifutwa mwaka 2022, lakini kanuni hiyo imebaki: jambo linaloweza kujirudia, na ambalo kwa asili yake linakwisha kabla majaji hawajafika, lisifungwe kwa sababu limekwisha. Mwaka 1974 mahakama hiyohiyo ilifanya kinyume. Mwanafunzi aliyepinga mfumo wa kupokea wanafunzi katika chuo cha sheria alikuwa amekaribia kuhitimu, wakalifunga shauri lake. Swali lilelile likarudi mwaka 1978 likiwa na mlalamikaji mwingine, na safari hiyo ikabidi lijibiwe.

Katika nchi zetu mlango huo upo kwa maneno, maana majaji wetu huutaja. Hutegemea sana nani amekaa mbele. Ningetaka utegemee kitu kigumu zaidi kuliko hisia za jaji, na ninaamini kinaweza kupatikana bila gharama kubwa. Amri ya kufunga shauri la miaka mingi iandike historia ya shauri lenyewe: lilifunguliwa lini, liliahirishwa mara ngapi, na kwa ombi la nani. Masjala ina taarifa hizo zote. Karani anaweza kuziandaa asubuhi moja. Ikionekana mleta maombi ndiye aliyelala, kama wapo wengi wanaofungua mashauri ya kikatiba wakasimama mbele ya kamera na wasionekane tena, afungiwe na alipe gharama. Ikionekana ni mjibu maombi, hasa serikali, aliyeahirisha mpaka jambo likaoza, basi asifaidike. Mahakama iamue kama sheria ilivunjwa, hata kama haiwezi kurudisha kilichopotea.

Na shauri linalohusu umma lisife na mtu. Mleta maombi akifariki, tangazo litolewe na raia mwingine aruhusiwe kushika. Kenya wamekwisha kupanua mlango wa kuingilia: Ibara ya 22 ya Katiba yao ya 2010 inamruhusu mtu kufungua shauri la haki kwa niaba ya umma. Itakuwa ajabu mlango wa kuanzisha uwe mpana na wa kuendeleza uwe mwembamba.

Kenya hiyohiyo imeonyesha pia kwamba wakati unaweza kufungwa lijamu. Zamani shauri la kupinga ubunge liliweza kusikilizwa mpaka bunge lenyewe likakaribia kuvunjwa, na hapo ushindi haukuwa na kiti cha kukalia. Katiba ya 2010 ikaweka siku 14 kwa shauri la urais na miezi sita kwa Mahakama Kuu kuamua yale ya ubunge. Tarehe 1 Septemba 2017 Mahakama ya Juu ilibatilisha uchaguzi wa Rais ndani ya siku hizo 14. Kilichobadilika ni kwamba sheria iliwaambia swali hili lina uhai wa siku ngapi.

Mtikila hakukubali kwamba swali lake limekwisha. Mwaka 2005 alirudi Mahakama Kuu, safari hii kupinga marekebisho yenyewe yaliyomzima. Tarehe 5 Mei 2006 majaji watatu walikubaliana naye. Serikali ikakata rufaa, na tarehe 17 Juni 2010, miezi minne kabla ya uchaguzi mkuu, majaji saba wa Mahakama ya Rufani wakiongozwa na Jaji Mkuu Augustino Ramadhani walisema suala la mgombea binafsi ni la kisiasa na wa kulimaliza ni Bunge. Akaenda Arusha, kwenye Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu. Chama cha Wanasheria Tanganyika na Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu nao walikwenda na ombi lao, na mawili hayo yakaunganishwa. Tarehe 14 Juni 2013 mahakama hiyo ilitamka kwamba Tanzania imevunja haki za raia wake, na ikaiamuru nchi ichukue hatua za kikatiba na kisheria kurekebisha.

Miaka 20 ilikuwa imepita tangu alipofungua shauri la kwanza pale Dodoma. Tarehe 4 Oktoba 2015 Mtikila alifariki katika ajali ya gari mkoani Pwani, wiki tatu kabla ya uchaguzi mkuu. Uchaguzi ule ulifanyika bila mgombea binafsi. Wa mwaka 2020 ukafanyika hivyohivyo. Wa mwaka 2025 pia.